Njumu Chini ya Kitanda

Karatu, bwenini
14 Julai 2024

Mpendwa dada Elieshi,

Mimi sijambo, ila midomo imepasuka kwa baridi. Asubuhi ukungu unashuka kutoka msitu wa Ngorongoro mpaka hatuioni bendera ya shule, na maji ya kunawa yanauma. Huko kwenu Mang'ola najua mnalala bila blanketi. Usinicheke.

Tangu jana sina raha. Piusi alipopita na lori la vitunguu aliacha salamu zako kwa mlinzi, na mimi nikamwahi getini. Akaniambia, "Dada yako Jumapili nimemrudisha Mang'ola amekaa kwenye kabini kama bibi harusi, mguu kaunyoosha juu ya dashibodi." Nilimwuliza mguu una nini. Akasema, "Mimi nabeba vitunguu, sibebi habari," akaondoka. Sasa nakuuliza wewe. Mechi ya Nainokanoka ilikuwaje? Umeumia?

Habari za huku: Ijumaa kila mtu wa kidato cha tatu alisimama akataja kazi anayoitaka. Marubani walikuwa wengi kuliko ndege. Zamu yangu ilipofika nikasema, "Nataka kuwa daktari bingwa wa mifupa." Mwalimu Inosenti wa fizikia akaweka kikombe chake chini.

"Cresensia, si wewe uliyeacha fizikia mwezi wa kwanza?"

Nikasema ni mimi.

"Mifupa ni nyenzo na kani, binti. Au utaiunga kwa sala?"

Darasa zima likaangua kicheko. Ni kweli niliacha. Kidato cha pili nilipata alama ambazo sikumwonyesha hata mama yangu, na tulipopewa nafasi ya kuchagua masomo nilikimbilia historia. Lakini bado naitaka kazi ile. Unakumbuka tulivyoahidiana nyuma ya banda la kuku la bibi? Wewe utacheza mpira wa kulipwa, mimi nitakuwa daktari wa timu yako. Upande wangu sijaifuta.

Niandikie ukweli kuhusu mguu.

Mdogo wako,
Cresensia


Mang'ola
21 Julai 2024

Cresi mdogo wangu,

Piusi ana mdomo kama spika ya mnadani. Mguu upo. Nimeuangalia asubuhi hii na haujaenda popote.

Tulishinda mbili kwa moja, na mabao yote mawili ni yangu! Uwanja wa Nainokanoka ni malisho. Refa alisimamisha mpira ng'ombe wapite, na mwenye ng'ombe hakuwa na haraka hata kidogo, alisimama katikati ya uwanja na shuka lake akauliza nani anaongoza. Sasa, mvua zilipoisha matope yalikauka na nyayo za ng'ombe ndani yake, vishimo vigumu kama vikombe vya saruji. Dakika za mwisho nilikuwa nimemzidi beki wao, nikageuka, njumu ikaingia kwenye unyayo mmoja. Mwili ukageuka, mguu ukabaki. Basi, ni hivyo tu. Goti la kushoto limenitania kidogo. Mama ananikanda kwa mafuta ya kondoo na harufu yangu inafukuza mpaka nzi.

Lakini sikia habari yenyewe. Kocha Kasaine alirekodi bao la pili kwa simu, akamtumia mtu anayemfahamu. Timu ya ligi kuu ya wanawake kutoka Dar itafanya majaribio Arusha, Jumamosi tarehe 31 Agosti. Wameniita kwa jina langu, si "wale wasichana wa Mang'ola". Atakayefaulu anasaini mkataba, analala kambini, analipwa kwa kucheza mpira. Hawachukui aliyezidi miaka ishirini, na mimi ishirini na moja naitimiza Januari. Kwa hiyo ni sasa.

Mama anajua nimeumia, hajui kwamba jioni goti bado linavimba. Usimwandikie. Kocha naye hajui. Haya, daktari wa timu yangu, kazi imekufikia mapema. Niambie nifanye nini.

Dada yako,
Elieshi, nambari saba


Karatu
28 Julai 2024

Mpendwa dada Elieshi,

Nimesoma barua yako kanisani ndani ya kitabu cha nyimbo, na nikashindwa kuimba kwa furaha. Ligi kuu! Nimemwambia rafiki yangu wa kitanda cha juu tu, naye ameapa.

Kuhusu goti nimefanya kazi yangu. Nimekwenda maktaba. Kitabu cha baiolojia kina picha moja ya goti, ndogo kama kiberiti. Inaonyesha mfupa wa paja, mfupa wa muundi, na pia ya goti mbele yake. Nimeichora mara nyingi mpaka naiona nikifumba macho. Nimefikiri hivi: goti ni mifupa mitatu inayokutana, kwa hiyo ubaya wa goti lazima uwe kwenye mfupa. Nenda hospitali hapa Karatu ukapige eksirei. Mfupa ukiwa na ufa, itabidi usubiri. Mifupa ikiwa mizima, pumzika kidogo uvimbe uishe, kisha cheza.

Nakuandikia haya kama daktari wako, si kama mdogo wako. Nimefurahi kuandika sentensi hiyo.

Cresensia


Mang'ola
7 Agosti 2024

Daktari wangu,

Pigeni vigelegele hapo bwenini! Jumatatu nilipanda na Piusi mpaka Karatu nikapiga picha. Nilipita na hapo shuleni, mlinzi akanikazia, akasema si siku ya wageni, hata nilipomwambia mimi ni mchezaji wa kimataifa. Hospitalini mtaalamu wa picha aliiweka kwenye taa, akasema mifupa haina ufa hata mmoja.

Nimerudi nayo na kuibandika dirishani kwetu. Timu nzima imekuja kuitazama kama picha ya kipaimara. Golikipa wetu Jackline kasema, "Aisee, goti lako lina sura nzuri kuliko wewe." Kocha Kasaine aliishika juu chini, akaitazama kwa heshima, akasema, "Picha safi. Cheza." Nimewaambia wote kwamba daktari wangu wa Karatu ndiye aliyeagiza ipigwe. Hawajui daktari mwenyewe anavaa soksi nyeupe na kupangwa mstarini.

Kila asubuhi nakimbia kando ya mfereji, moja kwa moja mpaka mashamba yanapoishia, na siumwi. Uvimbe umekwisha. Kuna kitu kimoja tu cha kuchekesha. Juzi tulikuwa tunachambua vitunguu, kuku akaingia kwenye mikeka, nikageuka ghafla kumfukuza. Goti likaenda upande wake, mimi upande wangu, nikajikuta nimekaa juu ya gunia. Akina mama wakacheka mpaka wakashika mbavu. "Mchezaji wa ligi kuu kaangushwa na kuku!" Na mimi nikacheka.

Niombee tarehe 31.

Elieshi


Karatu
18 Agosti 2024

Mpendwa dada Elieshi,

Tafadhali kaa chini usome barua hii mpaka mwisho.

Alhamisi ilikuwa sikukuu ya Kupalizwa Bikira Maria, somo wa shule yetu, na mbuzi walichinjwa. Nilikwenda jikoni kwa Wilson mpishi kabla hajakata nyama ya supu, nikamwomba goti la mguu wa nyuma.

"Unataka kula peke yako?"

"Nataka kulifungua nione ndani."

Alinitazama kama nimeomba sufuria lake kubwa. Mwishowe akanipa na kisu kidogo, akasema, "Ulirudishe. Hilo lina utamu wake." Tangu siku hiyo hapa naitwa Daktari wa Supu, hata na wanafunzi wa kidato cha kwanza.

Dada, kuna kitu ambacho kile kitabu hakikuniambia. Katikati ya goti, ndani kabisa, kuna kamba mbili nyeupe zinazong'aa, zimepishana kama mtu aliyepishanisha vidole. Hizo ni kano. Ndizo zinazofunga mfupa wa paja na wa muundi isiachane. Nikaikata moja, ya mbele. Nikanyoosha mguu wa mbuzi, ukanyooka vizuri. Nikaukunja, ukakunjika. Kisha nikauzungusha, na muundi ukateleza ukatoka mahali pake. Hapo nikamkumbuka yule kuku wako, nikaweka kisu chini.

Mifupa ya yule mbuzi ilikuwa mizima yote. Angepigwa picha, mtaalamu angesema haina ufa. Nilimkimbilia mwalimu wa baiolojia nikamwuliza, naye akasema ndiyo, eksirei inaonyesha mfupa, kano haionekani. Picha iliyo dirishani kwenu ni ya kweli, lakini haijajibu swali letu. Mimi ndiye niliyekutuma kuiuliza swali lisilo lake, nikajiita daktari.

Nakuomba unijibu mambo haya. Ulipoumia, ulisikia mlio ndani ya goti? Lilivimba siku ileile? Na tangu siku ya kuku, limekutoka tena?

Leo kanisani wametangaza kwamba madaktari bingwa watakuja hospitali hapa Karatu kuanzia tarehe 26, na wa mifupa yumo. Anaweza kujua kwa mikono yake. Usiende Arusha kabla hajakushika hilo goti. Nakusihi.

Cresensia


Mang'ola
22 Agosti 2024

Cresensia,

Nimeisoma barua yako mara moja na inatosha.

Goti la mbuzi! Mimi nilikuwa winga, sasa nimekuwa supu. Ulisema piga picha, nikapiga. Ulisema ikiwa safi nicheze, nacheza. Leo daktari kabadilisha mawazo kwa sababu ya nyama ya sikukuu.

Unataka siku chache hizi zilizobaki nikakae kwenye benchi na wazee wa viuno. Nikiambiwa nipumzike, nipumzike hadi lini? Wewe ukifeli kuna mtihani mwingine. Mimi nina Jumamosi moja, na baada yake kuna vitunguu. Unajua nini wewe kuhusu vitunguu? Unavila tu. Mimi mikono yangu inanuka hata ninapopokea komunyo.

Tena anayeniambia nirudi nyuma nijipange ni nani? Aliyekimbia fizikia kwa sababu ya mtihani mmoja mbaya.

Kocha ameshanikatia nafasi kwenye gari la Ijumaa. Usiniandikie mpaka tarehe 31 ipite.

Elieshi


Karatu
25 Agosti 2024

Dada Elieshi,

Umenikataza kuandika, nisamehe. Piusi anapita asubuhi na sina siku nyingine.

Kuhusu fizikia umesema kweli.

Lakini nilikuuliza mambo matatu na hukujibu hata moja. Ungekuwa hukusikia mlio ungeandika kwa herufi kubwa. Nakujua. Ukiwa na la kunishinda nalo huwa hulisahau.

Nimekaa na karatasi nyingine hapa, nimeanza kumwandikia mama yako, mama mkubwa wangu. Nimeandika "Shikamoo mama mkubwa" nikaishia hapo. Nimeichana. Goti ni lako, na mdomo wa kusema ni wako.

Nimemwomba Sista Angelina, mkuu wa shule, ruhusa ya Alhamisi. Nikiipata, nitakuwa kwenye benchi la nje la daktari wa mifupa tangu asubuhi, na sare yangu utaiona kwa mbali. Hutalazimika kuzungumza nami. Akisema goti ni zima, mbele ya watu wote nitakubali kuitwa Daktari wa Supu maisha yangu yote, na Jumamosi nitasali rozari nzima kwa ajili ya mabao yako.

Cresensia


Karatu
30 Agosti 2024

Dada,

Sijui kama barua hii itakukuta Mang'ola au utakuwa umeshaondoka. Sista Angelina hakuniruhusu. Alisema, "Anayeumwa ni wewe au dada yako? Mzazi aje asaini." Nilisimama mlangoni kwake mpaka kengele ya vipindi. Jana yote nilikaa darasani nikatazama barabara ya hospitali kupitia dirisha. Mwalimu wa historia aliniuliza swali nikamjibu "kushoto".

Kama ulikuja, ulinikosa. Leo kila gari linaloshuka kuelekea Arusha nadhani umo ndani.

C.


Mang'ola
1 Septemba 2024

Cresi,

Pamoja na barua hii Piusi atakukabidhi mfuko mweusi. Usiufungue kabla hujamaliza kusoma.

Alhamisi nilikuja. Sitaki ujisifu, nilikuja ili nikuaibishe. Nilitaka daktari aseme goti zima mbele ya sare yako, nikupungie mkono, nipande gari la Arusha. Nikafika, benchi limejaa, sare hakuna. Nilikasirika kuliko nilivyowahi kukasirika. Nikasema huyu mtoto kaniweka hapa na wazee wa viuno kisha kaniacha! Nilikuwa nimeshasimama kuondoka, nesi akaita jina langu.

Daktari ni mwanamke. Anaitwa Dokta Martha, kwao Mbulu, mfupi kuliko wewe, ana mikono kama ya mkamua ng'ombe. Nikampa picha yangu. Akaitazama kidogo akaiweka pembeni. Nikamwambia, "Dokta, hiyo imesema safi." Akasema, "Imesema mifupa ni safi. Lala hapo."

Akakunja goti langu la kulia, akakaa kwenye ncha ya mguu, akavuta muundi kama mtu anayevuta droo. Goti likakataa. Akahamia la kushoto, akavuta. Cresi, likakubali. Nililiona kwa macho yangu likija mbele. Sikuumia hata kidogo, nikatamani niumie.

Akaniuliza kama nilisikia mlio. Nikasema ndiyo, kama kuvunja muwa. Lilivimba siku ileile? Kabla hatujafika lango la Ngorongoro. Limekutoka tena baada ya hapo? Mara nyingi. Yale yale uliyoniuliza wewe, nikamjibu mtu nisiyemjua.

"Nani alikwambia picha haitoshi?" akauliza.

"Mdogo wangu. Yuko kidato cha tatu."

"Alijuaje?"

"Alifungua goti la mbuzi wa sikukuu."

Akacheka, nesi naye akacheka. Kisha akaniuliza, "Anasoma fizikia?" Nikatazama dari. Akasema, "Mwambie asidhani kazi hii ni kisu. Mwili mzima unasimama juu ya goti, na mimi lazima nijue uzito unapita wapi kabla sijatoboa mfupa. Bila fizikia hatafika mlangoni kwangu."

Nimekuletea maneno yake kama alivyoyasema. Nilifurahi kidogo kuyabeba.

Dawa yenyewe ni upasuaji. Wanachukua kano nyingine nyuma ya paja langu mwenyewe, wanaipitisha ndani ya goti ishike kazi ya ile iliyokatika. Hapa Karatu hawafanyi. Kwanza mazoezi ya kuimarisha paja, kisha kipimo kikubwa, kisha foleni ya hospitali ya rufaa, kisha karibu mwaka bila mechi. Nikamwuliza kama nitacheza tena. Akasema, "Wengi wanarudi. Sitakuapia." Nikamwuliza, na nikicheza Jumamosi hii tu? Akasema kila goti linapotoka linasaga kilicho ndani, na kilichosagika yeye hawezi kukirudisha.

Sasa utaniuliza kama nilikwenda Arusha. Nilikwenda. Sikwenda kucheza, au nilikwenda kucheza, sijui. Nilivaa njumu. Niliruka na wenzangu, nikakimbia moja kwa moja, hakuna aliyenizidi. Wakatupanga, nikapewa upande wa kushoto. Dakika chache tu mpira ukaja nyuma yangu kidogo, mzuri, wa kugeuka nao. Beki alikuwa mbali. Mwili wote ulitaka. Nikasimama kama mti, mpira ukanipita, ukatoka nje.

"Wewe mrefu, umelala?" kocha wao akapiga kelele. Ni mama mtu mzima, sauti inafika Mlima Meru.

Nikatoka uwanjani nikamwambia ukweli wote, na kuku nikamtaja. Alinisikiliza mpaka mwisho. Kisha akapandisha suruali ya mazoezi akanionyesha goti lake. Hana kovu. Alisema, "Mimi hawakunifungua. Niliambiwa picha ni safi, nikacheza msimu mzima nalo. Sasa kanisani watu wote wakipiga magoti mimi nasimama, na mapadri wageni wanadhani nina kiburi."

Akaandika jina langu. Hakuniahidi kitu. Mwakani sitakuwa chipukizi, nitatakiwa kushindana na wakubwa, na wakubwa hawasubiri mtu.

Mama nimemwambia. Alilia, akaiondoa picha dirishani, akaiweka nyuma ya kabati.

Haya, fungua mfuko. Ni njumu zangu. Zikikaa hapa nitazivaa, najijua. Jumapili wakipungukiwa na mtu mmoja tu, nitazivaa. Ziweke chini ya kitanda chako. Usinipe hata nikikulilia. Nina sharti moja: wewe urudi fizikia. Siku utakayoiacha tena, siku hiyohiyo mpe Piusi njumu zangu anirudishie.

Dada yako,
Elieshi


Karatu
8 Septemba 2024

Mpendwa dada Elieshi,

Mfuko umefika. Nilifanya ulivyosema, nilisoma kwanza. Sikuweza kufungua mpaka jioni.

Nilikuwa nimefikiri kwamba nikipatia nitafurahi. Sijafurahi. Nimeomba usiku na mchana kwamba mbuzi yule awe tofauti na wewe.

Jumatatu nilikwenda ofisini kwa Mwalimu Inosenti. Alikuwa anasahihisha. Nikamwambia nataka kurudi fizikia. Hakuinua kichwa.

"Wenzako wamekupita miezi minane."

"Najua, mwalimu."

"Utafeli kwanza. Utafeli mbele ya watu wote waliokucheka."

"Najua."

Akainua kichwa. "Utakaa dawati la mbele. Sitaki kukutafuta." Wakati natoka akaniita, akanipa daftari la mwanafunzi aliyemaliza mwaka jana, akasema nianze na mada ya nyenzo.

Basi nimekaa mbele. Wasichana wa nyuma wakiniona nakuna kichwa wananong'ona, "Daktari, supu inaungua." Jaribio la kwanza nimepata kumi na tisa kwa mia. Nakuandikia namba yenyewe kwa sababu safari iliyopita nilificha, na ona nilikofika.

Njumu ziko chini ya kitanda. Matroni alipokagua mabweni aliuliza viatu hivi vya nani. Nikasema vya mgonjwa wangu. Akanitazama, akapita.

Fanya mazoezi ya paja. Kila siku, hata siku ya soko.

Cresensia


Mang'ola
13 Oktoba 2024

Cresi wangu mpenzi,

Natumaini unakula vizuri na Mwalimu Inosenti anakutendea kama binadamu. Mimi mzima. Mazoezi nafanya, nimefunga ndoo ya mchanga mguuni, nainua na kushusha huku nachambua vitunguu, akina mama wanahesabu kwa sauti wakinikosea makusudi. Paja limeanza kurudi. Kipimo kile kikubwa nimepangiwa Novemba. Foleni ya upasuaji bado hawajaniambia.

Sasa sikiliza bila kukasirika. Jumapili ijayo ni fainali ya kombe, tunacheza na hao hao wa Nainokanoka, na safari hii wanakuja kwetu, kwenye uwanja wetu usio na nyayo za ng'ombe. Winga wetu mpya anakimbia kama amebeba maji kichwani. Goti halijanitoka tangu Septemba. Sitacheza mechi yote. Dakika kumi za mwisho, tena nitakimbia moja kwa moja tu, sitageuka. Naapa sitageuka.

Kocha Kasaine amesema hapana, lakini alisema huku anatazama pembeni. Ukimpa Piusi njumu Ijumaa zitafika. Najua nilichoandika mwezi uliopita. Aliyeandika alikuwa na huzuni. Anayeandika leo ana nguvu.

Cresi, nasikia filimbi zao za mazoezi kila jioni kutoka hapa nilipokaa. Huwezi kujua.

Elieshi


Karatu
20 Oktoba 2024

Dada,

Leo ni Jumapili ya fainali, na barua hii utaipata mechi imekwisha. Nimeichelewesha kwa makusudi. Ijumaa Piusi alisimama getini akapiga honi mara mbili, nikatoka mikono mitupu. Akasema, "Nimeambiwa kuna mfuko." Nikamwambia, "Wewe unabeba vitunguu." Akacheka, akaondoka polepole kuliko kawaida, kama anayenipa nafasi. Nilirudi bwenini nikalia, kwa sababu ni kweli siwezi kujua hiyo filimbi inavyosikika.

Najua unaweza kuwa umeazima njumu za Jackline. Tangu asubuhi sijatulia. Nimefua nguo ambazo ni safi. Ukiwa umecheza, niandikie, sitakugombeza, nitakuuliza tu yale mambo matatu. Ukiwa hukucheza, niandikie jinsi ulivyoweza, kwa sababu na mimi nahitaji kujua mtu anawezaje.

Jana Mwalimu Inosenti amerudisha jaribio la pili. Nimepata thelathini na moja. Pembeni ameandika "Bado." Sijui kama ananikatisha tamaa au ananisubiri. Mada ya nyenzo nimeimaliza, nimeanza ya kani. Sijaacha, kwa hiyo sharti lako sijalivunja na njumu haziji.

Leo baada ya misa nilizitoa. Kwenye meno kulikuwa bado na matope ya Nainokanoka, magumu kama saruji, ulivyosema. Nimeyachokonoa kwa njiti mpaka yakaisha, nikafuta ngozi, nikazijaza karatasi zisipoteze umbo. Kisha nimezirudisha chini ya kitanda upande wa ukutani kabisa, ambako mtu akizitaka lazima kwanza aniamshe mimi.

Mdogo wako,
Cresensia